Mafao ya Kaka Hayakuwa Fungu Moja

Kaka yangu alifariki mwaka 2019 akiwa na miaka 49, mtumishi wa afya kwenye halmashauri moja ya mkoani, mbali na kwetu Muheza. Alikuwa hajastaafu, hakuacha wosia, na alikuwa na mke mmoja na watoto wawili tuliowajua, na mtoto mmoja tusiyemjua. Kikao cha familia kikanichagua mimi, dada yake, niwe msimamizi wa mirathi. Wala si kwa busara zangu. Waliokaa kwenye kile kikao walikuwa hawaaminiani, na mimi peke yangu ndiye niliyekuwa sina kambi.

Siku hizi nikienda msiba wa mtumishi, hata matanga hayajaanuliwa naanza kusikia watu wanauliza habari ya "mafao", na wanaulizana kama vile ni bunda moja lililofungwa mpira mahali fulani Dodoma, anayewahi ndiye anayelifungua. Hata sisi tulianza hivyo hivyo. Ilituchukua kesi, chuki na nauli nyingi kuelewa kwamba fedha za mtumishi aliyekufa zina mafungu, kila fungu lina sheria yake na mlango wake wa kutokea.

Fedha ya kwanza kutugombanisha haikuwa hata yetu. Mwisho wa mwezi uliofuata mazishi, mshahara wa kaka uliingia benki kama kawaida. Kadi alikuwa nayo mwanawe mkubwa, namba ya siri anaijua, akautoa wote. Wakalipa ada na deni la duka. Baba mdogo alipopata habari akaja juu.

"Mnamla marehemu kimyakimya?"

"Ni mshahara wa mume wangu, baba," wifi akamjibu. "Mjane ni mimi."

Wote wawili hawakuwa na haki. Mtumishi akifa, mshahara wake unakoma. Unaoingia baada ya hapo ni fedha ya Serikali iliyochelewa kuzuiwa, na halmashauri ilituandikia barua kuidai. Tuliirudisha kidogokidogo na stakabadhi zikaingia kwenye faili lake. Afisa utumishi alituambia wazi kwamba deni la aina hiyo likiachwa bila kumalizwa, mjane ndiye atakayesumbuka baadaye pale mwajiri atakapotakiwa kuandika barua ya kuthibitisha utumishi wa marehemu. Rambirambi za wafanyakazi wenzake nazo zilitaka kuleta maneno, lakini hizo ziliisha upesi, maana mama yetu alisimama akasema ni za mfiwa aliyekabidhiwa mkononi, na hakuna aliyembishia.

Kwenye faili ndiko mambo yalikokuwa. Nilikaa nalo meza ya masijala, afisa akiwa pembeni: barua ya ajira ya mwaka 1994, barua ya kuthibitishwa kazini, barua za kupandishwa daraja, likizo, mikopo, uhamisho. Kila karatasi ina cheki namba yake ileile, namba ya mtumishi kwenye orodha ya mishahara. Kaka aliajiriwa kabla ya mfuko wa pensheni wa PSPF kuanza mwaka 1999, enzi ambazo mtumishi wa Serikali alikuwa hakatwi chochote kwa ajili ya pensheni, inalipwa na Hazina moja kwa moja. Baadaye akaanza kukatwa. Kisha mwaka 2018 mifuko minne, PSPF, LAPF, GEPF na PPF, ikaunganishwa kuwa PSSSF, mfuko mmoja wa watumishi wa umma, ulioanza kazi Agosti 1 mwaka huohuo. Mtumishi anachangia asilimia 5 ya mshahara, mwajiri asilimia 15. Kwa mtu wa umri wa kaka yangu, kwa hiyo, barua ya ajira ya kwanza ni mali. Bila hiyo, ile miaka ya mwanzo huna pa kuishika. Ya kaka ilikuwapo, imelowa pembeni, lakini tarehe inasomeka.

Humo humo ndimo alimokuwamo baba mdogo. Fomu ya taarifa binafsi aliyoijaza kaka akiwa kijana asiye na mke, pale pa kuandika ndugu wa karibu, imeandikwa jina la baba mdogo kwa wino wa bluu, na sanduku la posta la shule ya msingi aliyokuwa anafundisha. Kaka hakuwahi kuibadilisha. Alioa mwaka 1999, akazaa, akajenga, lile jina likabaki palepale. Baba mdogo alikuwa na nakala. Sijui aliipata wapi mpaka leo, na sikumuuliza.

Akaja nayo kwenye kikao, ameiweka kwenye bahasha ya kaki.

"Mwanangu, mimi sina maneno mengi. Marehemu mwenyewe aliniandika. Sisi ndio tuliouza machungwa msimu mzima akaenda chuo. Hela hii ni ya ukoo, halafu ukoo utaangalia wajane na yatima."

Haikuwa hoja ya kijinga. Machungwa kweli yaliuzwa, nakumbuka magunia. Na kwa mzee wa makamo yake, mtu kuandikwa jina serikalini ni jambo kubwa. Lakini afisa utumishi alikuwa ameshanieleza kuwa nafasi ile ni ya kujua nani apigiwe simu mtumishi akiugua au akipata ajali. Haimrithishi mtu. Hakimu naye, siku ile bahasha ilipofika mbele yake, aliisoma, akaigeuza nyuma kuona kama kuna kingine, akamrudishia: "Mzee, hii ni fomu ya ajira. Wosia uko wapi?"

Kabla ya hapo ilibidi tufike mahakamani kwanza, na kufika kwenyewe kulikuwa na mlima wake. Kibali cha mazishi si cheti cha kifo. Cheti kinatoka kwa msajili, kwa utaratibu wa RITA, wakala wa Serikali wa usajili wa vizazi na vifo, na bila hicho karani hafungui jalada. Tukakipata. Halafu tukagundua kwamba jina la baba yetu lina herufi moja ya mwisho kwenye cheti cha ndoa cha kaka ambayo haimo kwenye kitambulisho chake cha taifa. Herufi moja! Ikabidi kuapa hati ya kiapo kwamba hao wote ni mtu mmoja. Kama kuna mtumishi anasoma hapa, atoe vyeti vyake vyote leo, avipange mezani na kuvisoma jina kwa jina, pamoja na vya watoto. Hiyo kazi ukiwa hai unaimaliza mchana mmoja.

Tukafungua shauri Mahakama ya Mwanzo: Fomu Namba I ya maombi, muhtasari wa kikao, wadhamini wangu wawili, tangazo likabandikwa. Nakala nikaomba ibandikwe pia alikokuwa akifanya kazi, kwa sababu karani aliniambia kwa upole kwamba mtu aliyeishi mbali na kwao miaka mingi anaweza kuwa na watu huko. Mama huyo karani ameona mengi.

Lakini kabla ya watu wa huko hawajajitokeza, baba mdogo alibadilisha hoja. Sasa alitaka mahakama itumie sheria za mila. Nilichelewa kujua kwa nini, hadi msaidizi wa kisheria wa kata yetu aliponikalisha chini. Katika Tamko la Sheria za Mila la mwaka 1963, lililokuwa likitumika kwa makabila mengi yanayofuata ukoo wa baba, mjane hana fungu kwenye mirathi ya mumewe iwapo kuna ndugu wa ukoo. Fungu lake ni kutunzwa na watoto wake. Kanuni hizo zimepigwa kelele mno. Wajane wawili kutoka Shinyanga walizipinga. Mahakama Kuu mwaka 2006 ikakubali kwamba zinabagua lakini haikuzifuta, Mahakama ya Rufani ikaitupa rufaa yao mwaka 2010 kwa dosari ya tarehe kwenye karatasi, wakaenda mpaka kwenye kamati ya Umoja wa Mataifa inayoshughulikia ubaguzi dhidi ya wanawake, na mwaka 2015 kamati ikasema Tanzania imekiuka haki zao. Baba mdogo hakuyajua hayo yote. Alijua tu kwamba kwa mila, wifi hana kitu.

Hakimu hakuuliza tabia za kabila letu. Aliuliza maisha ya marehemu. Alifunga ndoa wapi? Msikitini, cheti hiki. Alizikwaje? Kwa taratibu za Kiislamu, na baba mdogo mwenyewe ndiye aliyemshika mkono imamu kwenda kaburini. Basi ikawa sheria ya Kiislamu, na mahesabu yakaletwa na sheikh.

Hapo nilijifunza hesabu ambayo sijawahi kuisahau. Warithi walikuwa mama yetu, mjane, mtoto wa kiume na wa kike. Mama ana sudusi, yaani moja ya sita. Mjane aliyeachiwa mtoto ana thumuni, moja ya nane. Kinachobaki ni cha watoto, wa kiume mara mbili ya wa kike. Sheikh aligawa mali mafungu 72: mama 12, mjane 9, kijana 34, binti 17. Baba mdogo hana, kwa sababu mtoto wa kiume wa marehemu anamzuia. Na mimi dada pia sina, kwa sababu hiyohiyo. Nilifurahi kusikia hivyo hadharani. Tangu siku ile, kila aliyetaka kunituhumu ilimbidi kwanza aeleze ninaiba ili nimpelekee nani.

Kwenye benchi la nje la mahakama hiyo nilikutana na mama mmoja mwalimu, Mkristo, mumewe naye alikuwa mwalimu. Shemeji zake walimteua mmoja wao usimamizi katika mahakama ya mwanzo, fedha zikatoka, zikagawanywa, yeye akapewa cherehani na magodoro. Alipokata rufaa, uteuzi wote ukafutwa na Mahakama Kuu: mahakama za mwanzo zilikuwa na mamlaka kwenye mirathi ya mila na ya Kiislamu tu, na mumewe alifunga ndoa kanisani na kuishi Kikristo mpaka kufa. Ameshinda. Akaambiwa aanze upya mahakama ya juu, na fedha zimeshaliwa. Alikuwa amekuja kuchukua nakala za mwenendo ili awadai hao shemeji kimoja kimoja. Nimeliweka hili kwa sababu watu hukimbilia mahakama iliyo karibu na nyumbani bila kuuliza kama ndiyo yenye mamlaka, na uamuzi wa mahakama isiyo na mamlaka haufai kitu hata kama umepigwa mihuri mitano.

Sasa mama wa yule mtoto tusiyemjua. Aliliona tangazo kwenye ubao, kule kazini kwa kaka, akapanda basi akaja na mtoto wa kike wa miaka sita. Akaweka pingamizi: yeye ni mke, mtoto ni wa marehemu, na hawamo kwenye orodha.

Wifi alizimia. Sisemi kwa mfano, alianguka pale ukumbini, tukampepea.

Nitasema ukweli juu ya huyu mama wa mtoto: sikumpenda, lakini hakuwa mwongo. Alikaa na kaka zaidi ya miaka saba katika nyumba waliyoanza wamepanga. Alileta mwenye nyumba, balozi, jirani, na picha za sikukuu. Wakili aliyemwandalia hoja alisimama juu ya kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971: mwanamume na mwanamke wakiishi pamoja miaka miwili au zaidi na watu wakawajua kama mume na mke, inachukuliwa kwamba wameoana, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Akaongeza jambo ambalo wengi hatukulijua, kwamba ndoa ya Kiislamu inahesabiwa kuwa inaruhusu mke zaidi ya mmoja, kwa hiyo ndoa ya wifi haikuwa kikwazo. Laiti kaka angekuwa amefunga ndoa ya kanisani, ya mke mmoja, hoja hiyo ingekufa mlangoni.

Tatizo lilikuwa kwenye yale maneno ya mwisho, "mpaka ithibitishwe vinginevyo." Kaka alikuwa akija Muheza kila likizo kwa mkewe, na kwenye fomu zake zote za kazi mke ni mmoja. Lililommaliza zaidi mama wa mtoto lilitoka kwake mwenyewe: fomu ya mkopo wa kikundi, aliyoijaza mwaka mmoja kabla ya msiba, ambamo mbele ya hali ya ndoa aliandika kwa mkono wake, hajaolewa. Alipoulizwa akasema aliandika vile kwa sababu wenye mume walitakiwa kuleta sahihi ya mume, na kaka alikuwa hataki kusaini madeni. Nilimwamini. Wazee wa baraza hawakumwamini. Mahakama ikaamua si mke, na kwa sheria ya Kiislamu iliyokuwa ikitumika, mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa harithi kwa baba.

Baba mdogo akatoka pale akijiona ameshashinda. "Kesi imekwisha. Na huyo mtoto kama ni wa damu, apelekwe kwa Mkemia Mkuu." Sheria ya vinasaba ipo tangu mwaka 2009 na maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali ndiyo inayopima, lakini ukitaka kupima watoto wa mtu aliyeshazikwa utachukua sampuli za nani? Za mama yetu, au zangu? Mama alikuwa tayari. Alimwangalia yule binti mara moja tu akasema, "Haya masikio nimeyazaa." Masikio hayapokelewi mahakamani, nikamwambia. Akaniangalia vibaya.

Kilichomaliza ubishi kilikuwa kadi ya bima ya afya. Bima ya NHIF ya mtumishi ilimruhusu kumwandikisha mwenza wake na wategemezi wasiozidi wanne. Kaka aliwaandikisha wifi na watoto wake wawili, na wa nne akamwandikisha yule binti, kwa cheti cha kuzaliwa chenye jina lake kama baba, karatasi zikapitia kwa mwajiri. Kwa hiyo miaka mitano nzima Serikali ilikuwa inamjua mtoto ambaye sisi hatukumjua. Nilikaa na ile fomu mkononi nikaona sahihi ya kaka, ile sahihi yake ya kujikunja kama ndoano, na nikamkasirikia marehemu kwa mara ya kwanza. Mtu anapata ujasiri wa kumwandika mtoto bima, anakosa ujasiri wa kumtaja nyumbani.

Na hapa ndipo msaidizi wa kisheria aliponifungua macho. Nilimwendea nikiwa nimekata tamaa, nikamwambia mahakama imeshasema mtoto harithi, sasa namsaidiaje?

"Dada, mahakama imeongelea mirathi," akasema. "Pensheni ya wategemezi si mirathi."

Mkupuo, ile fedha ya mara moja inayotokana na utumishi wa marehemu, kwetu sisi ulipita kwa msimamizi ukaingia kwenye mirathi. Huo ndio ulioshuka kwenye mafungu 72 ya sheikh. Pensheni ya kila mwezi ya wategemezi haipiti huko. Hiyo inatoka kwa sheria ya mfuko, kwa watu ambao sheria hiyo inawataja: mwenza, watoto wa umri uliowekwa, na kwa muda uliowekwa. Haijali thumuni wala sudusi, wala ndugu mkubwa wa ukoo. Kwa binti yetu, waliotupokea dirishani hawakuuliza mama yake aliolewa wapi. Walitaka cheti cha kuzaliwa, orodha ya wategemezi kutoka kwa mwajiri, na akaunti. Vitu ambavyo tayari tulikuwa navyo.

Sheria ileile iliyomtoa yule mtoto kwenye fungu moja haikuwa na mkono kwenye fungu jingine. Nilimweleza baba mdogo hilo mara nyingi, na kila mara alirudi palepale: "Lakini mahakama ilisema." Mahakama ilisema juu ya kile ilichoulizwa, baba. Upande wa pili nao walikuwa na kosa lao la namna hiyohiyo. Ndugu za mama wa mtoto waliposikia binti amekubaliwa na mfuko, wakaja kudai na mkupuo, kwamba kama ni mtoto huku ni mtoto na kule. Kuna kifungu cha 10 cha Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 kinachokataza kumnyima mtoto matumizi ya mali ya mzazi wake aliyefariki, na wakili wao alikishika sana. Mabishano yale hayakufika mbali kwetu, kwa sababu mama yetu aliyakata. Aliomba ampe mjukuu sehemu katika sudusi yake. Sheikh akasema hilo halina kizuizi, mtu anatoa kilicho chake. Likaandikwa, likasainiwa, hakimu akaliweka kwenye jalada.

Kuhusu kazi yenyewe ya usimamizi nitakuwa mfupi. Ulipopewa Fomu Namba IV, ile ya kukuteua, hujapewa fedha. Umepewa mzigo wa hesabu. Mali unaziorodhesha kwenye Fomu Namba V, na mgawanyo unaueleza kwenye Namba VI, na kanuni za mahakama za mwanzo zinadai orodha iletwe ndani ya miezi minne tangu uteuliwe. Mkupuo wetu uliingia akaunti ya mahakama na ukatoka kwa kila mrithi kwa jina lake, jambo lililoniokoa na maneno ya mjini. Madeni yanatangulia kabla ya ugawaji. Mkopo wa benki wa kaka ulikuwa na bima ya kifo, kwa hiyo ulifutika, lakini ilibidi mtu aende benki na cheti cha kifo kuwakumbusha; mtu asipokwenda, wao nao hawana haraka. Risiti nilizihifadhi hata za fotokopi. Baba mdogo alipopeleka malalamiko kwamba nimekula, nilizitandika mezani kwa hakimu, akaangalia tatu nne, akasema inatosha.

Ilibaki nyumba. Kaka alikuwa amejenga kule kwenye kituo chake cha kazi, vyumba vitatu na sebule, kiwanja kwa jina lake. Mimi niliiorodhesha kama mali ya marehemu, kama ilivyo kwenye hati. Mama wa mtoto akafungua madai mahakama ya wilaya. Mdaiwa ni mimi, kwa cheo cha msimamizi.

Wakili wake sasa hakudai ndoa. Alidai jasho. Kifungu kilekile cha 160 kina sehemu ya pili, na Mahakama ya Rufani katika uamuzi ulioripotiwa mwaka 1994 ilishaeleza kwamba hata pale dhana ya ndoa inapovunjwa, watu walioishi pamoja wakachuma nyumba, mahakama ina uwezo wa kuamuru haki zao juu ya kile walichochuma. Akaleta risiti za mabati zenye jina lake, daftari la fundi, na miamala ya simu aliyomlipa mchimba msingi. Mkopo wa kikundi, ule uliomwangusha kwenye ndoa, ndio uliolipia bati. Tarehe zinafuatana.

Familia ilitaka nikatae kila kitu. Baba mdogo akanipigia usiku: "Mwanangu, usimpe mtu wa nje kuta za marehemu." Lakini msimamizi anakula kiapo, na kwenye kile kiapo hakuna mahali panaposema atawapendelea wa nyumbani. Nilipoulizwa kama nazitambua zile risiti nilisema sizipingi. Wifi hakunisemesha kwa muda mrefu baada ya hapo, na nilimwelewa. Kwake kila bati lilikuwa usiku mmoja ambao mume hakuwa nyumbani.

Tukapelekwa kwenye usuluhishi. Mezani walikaa warithi wote, na mama yetu akaja ameshikwa mkono. Makubaliano yalikuwa kwamba nyumba inabaki kwa mama wa mtoto, naye anawalipa warithi thamani ya kiwanja kwa awamu, inayogawanywa kwa mafungu yaleyale 72. Mama aliweka dole gumba. Kijana alisaini, na kwa dada yake aliye chini ya umri alisaini mama yake. Kwa upande wake mwenyewe wifi alichelewa; alitaka kwanza aoneshwe kwa maandishi kwamba makubaliano haya hayagusi pensheni yake ya kila mwezi. Akaoneshwa, akasoma mara mbili, akasaini. Baba mdogo hakusaini, na hakuna aliyemtaka asaini, hakuwa mrithi.